Nililia Matangani, Watu Wakacheka

Barua hii kwa Somo, mshauri wa gazeti letu, imefupishwa kidogo, na yale yanayoweza kumtambulisha mwandishi yameondolewa.

Somo, shikamoo.

Barua hii nimeianza mara tatu nikaifuta. Kila nikiandika najikuta natia mzaha, ndiyo kazi yangu, nikahofia utaisoma, ucheke, ugeuze ukurasa. Leo nimeamua kusema wazi.

Nina miaka 43, nakaa Kisauni, Mombasa, nina mume na watoto watatu. Kwa miaka tisa sasa naigiza kwenye tamthilia moja ya Kiswahili ya televisheni. Jina lake tafadhali usilitie gazetini. Mimi si nyota. Nyota ni yule msichana mrembo na yule mwanamume wa jumba kubwa. Mimi ni jirani: mbea, mnene, leso kifuani, sahani ya viazi karai mkononi, anayeingia bila hodi wakati wenzake wanakaribia kuambiana siri. Nikiingia nasema "Mwenzangu weee!", nakaa, naharibu mipango ya watu, naondoka. Dakika tatu, nne kwa kipindi, basi. Lakini nikienda sokoni Kongowea asubuhi hakuna muuza nyanya asiyeniita kwa jina la yule jirani. Kuna makanga wa matatu za Bamburi hanitozi nauli, mradi niseme lile neno abiria wasikie. Uso wangu umefanywa stika ya WhatsApp. Mpwa wangu aliwahi kunitumia mimi mwenyewe bila kufikiri.

Sauti ile sikuitunga. Siku ya odisheni nilipewa mistari minne, nikaiona haina chumvi, nikaisema vile mama mdogo wangu wa Majengo angeisema. Kuivuta leso kabla ya kufungua mdomo, kufyonya, kunyamaza mpaka mtu adhani nimemaliza, halafu kumalizia. Dairekta alicheka mpaka akamwambia mpiga picha azime kamera. Mama mdogo alipojiona kwenye televisheni alinuna siku mbili. Siku ya tatu akanipigia simu: "Leso yangu hiyo ungeniomba."

Zamani nilikuwa nachekesha kwa ulimi. Miaka miwili hii wamekuja waandishi wapya, sasa nachekesha kwa mwili. Kiti kinavunjika nikikaa. Nakwama kwenye mlango wa tuktuk, wanaume wawili wananisukuma. Msimu uliopita nilianguka mara saba. Nilihesabu.

Mwezi wa Julai mama mdogo alitutoka. Sukari ilikuwa imemsumbua miaka, safari hii ikamshinda. Alizikwa alasiri ileile, sisi wanawake tukabaki ndani, vyumba viwili vimejaa mpaka ukumbini. Mimi nilikuwa bado sijalia. Nilikuwa nikigawa maji, nikitandika mikeka, nikipokea watu. Kisha kikaletwa kikapu chake kutoka hospitali, leso zake zimo ndani zimekunjwa. Nikaishika ile ya juu. Nikasikia kitu kinapanda kutoka tumboni, nikapiga ukelele: "Mwenzangu weee, umeniachia nani?"

Msichana mmoja karibu na mlango akacheka. Alijiziba mdomo kwa mtandio lakini kicheko kilishamtoka, kikamwambukiza wa kando yake, na huyo wa kando yake. Somo, chumba kizima kilicheka. Watu wana machozi na wanacheka. Nikamtazama mamangu mzazi, ndugu wa damu wa marehemu, nikaona mabega yanamtikisika, na hakikuwa kilio. Nikatokea mlango wa jikoni, nikasimama uani kwenye masufuria mpaka adhana ya magharibi.

Tangu siku hiyo nikifika lokesheni, pale Mtwapa tunaporekodia, lile neno halitoki. Juzi tulilirudia mara kumi na moja.

Sasa nina karatasi mbili mezani. Ya kwanza ni mkataba mpya wa tamthilia, misimu miwili, shilingi 9,000 kwa siku ya kurekodi, zamani ilikuwa 6,000, na siku zisizopungua 10 kwa mwezi. Kifungu kimoja kinasema muda huo wote nisiigize kwingine bila idhini yao ya maandishi. Ya pili ni filamu ya binti mmoja wa Likoni, ana miaka 27, ndiyo filamu yake ndefu ya kwanza. Anataka niwe mama anayengojea maiti ya mwanawe wa kike iletwe kutoka Ghuba alikokwenda kufanya kazi za ndani. Maneno yake yote hayajazi kurasa mbili. Siku 14, shilingi 40,000 jumla.

Mume wangu alikuwa karani wa kutoa mizigo bandarini. Kazi hizo zilipopungua, yake ikaenda. Nikimuuliza ananijibu, "Hela ni hela." Binti yangu, wa kidato cha tatu, ameniomba siku ya wazazi nimtume dadangu badala yangu, kwa sababu shuleni anaitwa kwa jina la jirani.

Nikitia sahihi ule mkataba naona nimejizika mwenyewe ndani ya kiti kilichovunjika. Nikienda kwenye filamu, nikalia mbele ya kamera, watu si watacheka vilevile? Nina hadi mwisho wa mwezi. Niambie nifanye nini.

Jirani Mbea, Kisauni


SOMO ANAJIBU

Marahaba, mwanangu. Na pole. Naanza na pole kwa sababu barua yako yote nimeipekua sikuona mahali ulipompa mtu nafasi ya kukupa. Ulikuwa ukigawa maji na kutandika mikeka, ukaja ukasimama uani na masufuria, kisha ukarudi kazini. Mungu amrehemu mama mdogo wako.

Umeniomba nikuambie ufanye nini. Hilo sitaliweza, kwa kuwa mimi silali nyumbani mwako wala silipi karo ya watoto wako. Ninaloweza ni kukaa nawe hapa barazani tuitazame barua yako pamoja, maana ukishaandika jambo mara nyingine mwenzio hulisoma vizuri kuliko wewe.

Nilivyokuelewa, unaona kuna njia mbili: kubaki kichekesho chenye mshahara, au kwenda kuwa mtu mzito kwa fedha kidogo. Na katikati umeweka kile kicheko cha matangani, umekifanya hakimu. Kicheko kile ndicho kilichokuambia kwamba miaka tisa umekuwa ukijichekesha mpaka hata msiba wako hauaminiki. Basi tuanze na hicho, kabla ya karatasi zote mbili.

Rudi kwenye barua yako. Mwanzoni umeniambia sauti ya yule jirani, leso yake, kufyonya kwake na kunyamaza kwake umevichukua kwa mama mdogo wa Majengo. Mbele huko umeniambia ulilia matangani kwa sauti ileile na watu wakacheka. Mambo haya mawili umeyaweka mbalimbali, kama mtu aliyeweka kufuli chumba kimoja na ufunguo chumba cha pili. Waliokaa kwenye ile mikeka ni akina nani? Ndugu zake, majirani zake, mashoga zake wa miaka. Hao walimjua mwenye leso kabla hawajakujua wewe. Neno "Mwenzangu weee" walilisikia kwake mlangoni, kisimani, harusini, zamani kabla halijafika kwenye televisheni ya mtu yeyote. Sasa fikiria: wamekaa na kimya cha marehemu tangu asubuhi, halafu ghafla, katikati ya chumba, marehemu anasema.

Yule msichana wa mlangoni huenda alimcheka jirani wa televisheni. Ni mtoto wa zama hizi. Lakini mamako? Mamako alilala kitanda kimoja na mwenye sauti ile walipokuwa wadogo. Mimi sikuwapo, sitakuapia alicheka nini. Ninachokuuliza ni kama umemuuliza. Naona hukumuuliza, ulitoka kupitia jikoni.

Hapa Pwani huwa tunajifanya matanga ni kilio kitupu, na wala sivyo. Kwa wenzetu wengi wa upande wa Tanzania mtani huja msibani makusudi kuchekesha. Hujifunga nguo ya marehemu, akatembea kama marehemu, akadai madeni kama marehemu, na wafiwa wakacheka machozi yakiwatoka. Hakuna anayemwambia ametovuka adabu. Ana kazi yake pale, na ikikosekana watu husema msiba ulikuwa mkavu. Wewe ulifanya kazi ya mtani bila kujua, ukiwa mfiwa kwa wakati mmoja. Huo ni mzigo mkubwa kwa mtu mmoja, na ndiyo maana sishangai ukinieleza kwamba tangu siku hiyo neno halitoki. Nani angeweza kulisema mara kumi na moja mfululizo, mbele ya taa, mwenyewe akiwa hata arobaini haijaisha?

Nisije nikajifanya nimemaliza hapo. Hata kama walimcheka marehemu kwa mapenzi, wewe uliumia, na kuumia kwako hakufutwi na maelezo yangu. Ila ningependa, kabla hujakipa kicheko kile uamuzi wa kazi yako, ujue kwanza kilikuwa kicheko gani.

Nije kwenye kazi yenyewe. Umesema "mimi si nyota", na nimehisi umelisema kwa kujidharau. Mimi nimekua nikitazama Vitimbi, kile kipindi cha vichekesho cha televisheni. Sisi nyumbani kwetu tulimdhania Mama Kayai mke wa ndani wa Mzee Ojwang, tukabishana na yeyote aliyesema wale ni waigizaji, kila mmoja ana nyumba yake. Mary Khavere ndilo jina lake, na Mzee Ojwang aliitwa Benson Wanjau. Mzee alipofariki, mwezi wa Julai 2015, jambo la kwanza lililonijia moyoni ni maskini Mama Kayai. Sasa niambie, kama mwanamke yule alikuwa mtu wa kuchekesha tu, mbona alipofiwa na mwenzake wa kazini mimi huku Mombasa nilitaka kupika chakula nimpelekee? Alikuwa ameingia kwetu miaka yote ile na makelele yake, na huruma ilikuwa imeingia naye bila sisi kuiona ikipita.

Mwigizaji wa kando ndivyo anavyofanya kazi. Nyota analindwa, haruhusiwi kukosea, kutoka jasho, kuwa na njaa. Jirani ndiye anayekula, anayeuliza swali lisilofaa, anayesema lile ambalo mtazamaji anataka kulisema. Na wewe unajua zaidi yangu kwamba kuchekesha ni kazi ya pumzi na hesabu: ukimalizia mapema kidogo hakuna anayecheka, ukichelewa kidogo wamekuhurumia. Ndiyo sababu hata tuzo za Kalasha, za filamu na televisheni za hapa Kenya, zina nafasi ya mwigizaji msaidizi, na tuzo ya Oscar aliyoipata Lupita Nyong'o wetu mwaka 2014 ilikuwa ya mwigizaji msaidizi.

Lakini nisikupambe. Barua yako ina malalamiko mengine ya kweli, nawe umeyapitia haraka kana kwamba unaona haya kuyataja. Ni pale uliposema zamani ulichekesha kwa ulimi, sasa kwa mwili. Lugha yetu ina kuchekesha na ina kuchekwa, na mwenye kuhesabu maanguko yake saba anajua yuko upande gani. Hebu jiulize. Lau mkataba ule ungekuja na fedha zilezile, jirani yuleyule, mbea vilevile, lakini anarudishiwa ulimi wake na kiti chake kizima, ungejiona umejizika? Kama jibu ni hapana, basi ugomvi wako si na vichekesho. Ni na waandishi wawili watatu wasiojua la kufanya na mwanamke mnene. Ugomvi huo unaweza kusemwa mezani. Kama jibu ni ndiyo, umechoka naye hata akirudishiwa heshima, hilo nalo ni jibu zito, ulisikilize.

Kuna dhana nyingine naomba tuichokonoe: kwamba ukilia vizuri kwenye filamu watu watakuona mzito na jina la jirani litafutika. Huenda. Namfikiria Hattie McDaniel wa Marekani, mwanamke mweusi aliyechezeshwa watumishi wa nyumbani filamu baada ya filamu, wengi wao wa kuchekesha. Mwaka 1940 alishinda Oscar ya mwigizaji msaidizi wa kike, mtu mweusi wa kwanza kabisa kupata tuzo hiyo. Usiku ule wa kuipokea alikalishwa meza ya pembeni, mbali na wenzake wa filamu iliyompa tuzo, kwa sababu ya rangi yake. Na baada ya sherehe? Aliendelea kupewa aproni ileile. Huku nyuma, baadhi ya watu wake mwenyewe wakimlaumu kwa kuivaa. Ubaguzi ule si mambo ya tamthilia yenu, najua, ila nimemtaja kwa sababu alipata kile unachokitamani, tena kuliko wengi, na dunia ikakataa kubadilisha macho. Ukiingia kwenye filamu ya yule binti kwa kutaka macho ya watu wa Kongowea yabadilike, unaweka furaha yako mikononi mwa wauza nyanya. Ukiingia kwa sababu kuna kitu ndani yako kinataka kusema kwa huyo mama wa maiti, hapo hata wakicheka utakuwa umekisema.

Na watacheka, mwanangu. Sitakudanganya. Utakapotokea kwenye kioo mara ya kwanza, kuna mtu nyuma ya ukumbi atasema "Mwenzangu weee!" na wenzake watamfuata. Mtazamaji anakuja na yule anayemjua. Swali ni nini kitatokea dakika ya tano, ya kumi. Muulize yule binti wa Likoni amelifikiriaje hilo, maana analijua au hajalijua, na jibu lake litakufundisha mengi. Muulize pia kwa nini amekutaka wewe hasa. Akikwambia kwa sababu kila mtu anakujua na watu watakuja kutazama, hiyo ni sababu halali ya biashara, lakini ujue ndiyo hiyo. Akikwambia kuna siku alikuona kwenye kipindi umenyamaza na akakiona kitu katika kunyamaza kule, hiyo ni habari tofauti. Wewe mwenyewe umeniandikia: unanyamaza mpaka mtu adhani umemaliza. Huyo mama wa filamu ana kurasa mbili za maneno. Hayo mengine yote ni kunyamaza, na kunyamaza ndiyo kazi uliyoifanya miaka tisa huku kila mtu akisikiliza kelele zako.

Jingine nalihofia zaidi kuliko kicheko. Mama mdogo amekufa Julai, na wewe unaombwa ukae siku 14 ukingojea maiti mbele ya kamera. Wapo waliopona kwa njia hiyo. Wapo pia walioingia kwenye msiba wa kuigiza, kamera zikazimwa, wao wakabaki humo. Ukienda, uwe na mtu wa kurudi kwake jioni, asiyekuwa wa filamu.

Sasa karatasi zenyewe, maana mume wako ana haki yake. Shilingi 40,000 kwa siku 14 haifiki 3,000 kwa siku. Mkataba unakupa 9,000. Kwa siku 10 za mwezi hiyo ni 90,000, na nyumba yako kwa sasa inasimama juu yako. "Hela ni hela" inaudhi, lakini huenda ni mtu aliyepoteza kazi anayeogopa kusema "naogopa". Hata hivyo, kile kifungu umekinukuu mwenyewe kisha ukakiruka: usiigize kwingine bila idhini yao ya maandishi. Haikusemwa usiigize kabisa. Imesemwa uombe. Je, umeomba? Unaweza kuandika, ukataja siku 14 hizo na kwamba ni filamu isiyoshindana na tamthilia yao. Wanaweza kukataa. Wanaweza pia kukubali kwa kupanga siku zako 10 upande wa pili wa mwezi, jambo ambalo wapangaji ratiba hufanya kila siku mtu anapougua au anapokwenda Umra.

Mwombe wakili au mtu anayeelewa mikataba akusomee karatasi hiyo kabla ya sahihi, na usione haya. Aangalie marudio ya vipindi yanalipwaje, na vipande vyako vinavyozunguka mitandaoni ni vya nani. Sheria ya Hakimiliki ya mwaka 2001 inamtambua mwigizaji na haki zake juu ya uigizaji wake uliorekodiwa; huhitaji kuibembeleza. Ukiwa hujajiandikisha kwenye chama cha haki za waigizaji, ulizia. (Na ile stika, mwanangu, mimi ninayo. Nisamehe.)

Hatari ya kuomba ipo, nisiifiche. Mtayarishaji akiona unasitasita anaweza kutafuta jirani mwingine. Jirani wa tamthilia ni rahisi kuhamishwa. Kalamu moja tu, anapelekwa Oman kwa mwanawe na hatajwi tena. Hatari ya kutokuomba nayo ipo, nayo ni kukaa misimu miwili ukijiuliza wangesemaje. Uzito wa kila moja unaupima wewe.

Kuhusu umri, nimehisi mahali unaona 43 kama lango linalofungwa. Margaret Rutherford wa Uingereza alipanda jukwaani akiwa na miaka 33, akachekesha watu maisha yake yote kwa uso ambao mwenyewe alijua si wa kimalaika, akapata Oscar ya mwigizaji msaidizi mwaka 1964, na miaka 71. Sisemi wewe utaipata. Nasema waigizaji wa aina yako hawazeeki kwa kalenda ya nyota. Nyota akifika 43 anaanza kuogopa kioo. Jirani ndiyo kwanza anapata sauti.

Binti yako umpe muda. Wa kidato cha tatu humwonea haya hata mama aliye karani wa benki. Lakini usimtume dadako kimya kimya. Mwambie umesikia, kwamba limekuuma, na umuulize anaitwaje hasa na nani. Yawezekana anatetemeka na kitu kikubwa kuliko jina. Au anachukia kukuona ukianguka. Ulihesabu wewe mara saba. Sijui yeye alihesabu ngapi.

Nimesema mengi, na mwisho wa mwezi haujafika. Kabla hujashika kalamu, siku moja usiyokuwa na kurekodi, nenda kwa mamako. Usiende kumuuliza kuhusu mkataba. Mpelekee kaimati, kaeni, umwambie akusimulie mama mdogo alipokuwa msichana: alilipata wapi lile "Mwenzangu weee", nani alimpa, alilisema kwa nani mara ya kwanza. Halafu umuulize siku ile, ulipoishika leso, alikuwa anacheka nini.

Akikujibu, niandikie.

Somo